Faili za ufisadi zinakaa bila uamuzi huku mshukiwa akilipwa mshahara kamili

Nimechoka kuambiwa kwamba faili bado inapitiwa. Tume ya Maadili na Kupambana na Ufisadi ya Kenya ikimaliza uchunguzi wa zabuni iliyopikwa au wa mishahara ya wafanyakazi hewa, kifungu cha 35 cha Sheria ya Kupambana na Ufisadi na Uhalifu wa Kiuchumi ya mwaka 2003 kinaitaka ipeleke ripoti kwa Mkurugenzi wa Mashtaka ya Umma, kwa kuwa tume yenyewe haina mamlaka ya kumshtaki mtu. Kutoka Integrity Centre, makao ya tume jijini Nairobi, hadi ofisi ya Mkurugenzi huko Upper Hill, hata kwa miguu utafika. Kwa faili ya mkubwa, safari hiyo hiyo huchukua muda mrefu hadi wananchi wanasahau jina la mshukiwa.

Asije mtu akatuambia kwamba kuna ruhusa inayosubiriwa. Ibara ya 157(10) ya Katiba ya 2010 inasema waziwazi kwamba Mkurugenzi hahitaji idhini ya mtu wala mamlaka yoyote ili kuanzisha kesi ya jinai, na kwamba hatakuwa chini ya maagizo ya yeyote. Tulimpa uhuru huo ili aamue.

Kinachoniudhi zaidi, na ambacho hakisemwi vya kutosha, ni kwamba ucheleweshaji huu una faida kwa mtu. Kifungu cha 62 cha Sheria ile ile ya Kupambana na Ufisadi kinataka afisa wa umma asimamishwe kazi kwa nusu mshahara kuanzia siku anaposhtakiwa, na mwaka 2019 Jaji Mumbi Ngugi aliamua kwamba hata gavana aliyeshtakiwa hana kinga ya kuendelea kuingia ofisini. Lakini hayo yote husubiri mashtaka. Kabla ya hapo mshukiwa anabaki kwenye kiti chake, anaidhinisha malipo, anazishika hati zinazotakiwa kuwa ushahidi, na karani aliyeandikisha taarifa dhidi yake anaendelea kumwamkia kila asubuhi kama mkubwa wake wa kazi. Tunataka karani huyo awe na ujasiri wa namna gani?

Kandarasi za Anglo Leasing, zile za usalama ambazo serikali ilizipa kampuni hewa, zilifichuliwa mwaka 2004, lakini washukiwa walifikishwa mahakamani mwaka 2015. Shahidi anayeulizwa kuhusu barua aliyoiona zaidi ya miaka kumi iliyopita atababaika, na wakili wa utetezi anajua hilo vizuri.

Sisemi kwamba kila faili ni lazima iishie Milimani, kwenye mahakama ya kesi za ufisadi. Ushahidi ukiwa hafifu, mtu asiburutwe kortini, bali tuambiwe hivyo kwa maandishi. Kifungu cha 37 tayari kinataka Bunge la Taifa lipewe sababu pale pendekezo la kushtaki linapokataliwa. Mwanya uko hapa: anayekataa hutoa sababu, ilhali anayenyamaza hadaiwi chochote, kwa sababu sheria haikuweka siku ya mwisho ya kuamua.

Ndiyo maana ninaandaa ombi kwa Bunge chini ya Ibara ya 119 ya Katiba, inayompa kila mtu haki ya kuliomba Bunge libadilishe sheria, nikitaka kifungu cha 35 kirekebishwe ili uamuzi utolewe ndani ya siku 90, na faili inayorudishwa kwa wachunguzi itangazwe pamoja na kasoro zilizoonekana. Wakili aliye tayari kuipitia rasimu yangu kabla sijaiwasilisha, naomba ajitokeze.