Walimu na wazazi wa Nyanda za Juu Kusini, somo la Uraia likitoka darasani huwa linaishia wapi? Tupeane uzoefu

Mwalimu wa Mafinga:
Ndugu walimu, wazazi na yeyote aliyewahi kukalia dawati la shule za huku kwetu, kamwene. Nimesukumwa kuandika baada ya kusahihisha mtihani wa majaribio wa kidato cha nne. Karibu darasa zima liliweza kutaja sifa za demokrasia kwa mpangilio uleule wa kitini, lakini nilipowauliza kwa mdomo ni nani huitisha mkutano mkuu wa kijiji, na mwenyekiti anatofautianaje na mtendaji, wengi waliishia kutazama dirishani. Hawa ni watoto wa vijijini; baadhi yao watafikisha miaka 18 kabla ya kuhitimu, ambapo Ibara ya 5 ya Katiba itawapa haki ya kupiga kura, na wazazi wao wanalipa michango inayopitishwa kwenye mkutano huohuo wasioujua. Naomba tupeane uzoefu: ni lini ulifundisha, au ulifundishwa, uraia kwa vitendo, na yaliyofuata yalikuwaje? Mambo ya vyama tuyaache nje ya mada hii.

Ndaga wa Tukuyu:
Umenigusa, Mwalimu. Shuleni kwetu tuliamua viranja wachaguliwe kwa kura ya siri badala ya kuteuliwa na walimu kama ilivyokuwa desturi. Wagombea wa nafasi ya kaka mkuu walipewa muda wa kujieleza mbele ya paredi, na mmoja wao, kijana mcheshi asiyekuwa mzuri sana darasani, aliahidi kwamba makande hayatapikwa tena na maharage yenye wadudu. Alishangiliwa mno. Usiku wa kuamkia uchaguzi kamati ya walimu ikaketi, ikaliondoa jina lake kwa sababu ya wastani wa alama, sharti ambalo halikuwa limetangazwa popote. Asubuhi wanafunzi walipiga kura kwa utulivu wa kushangaza, na tulipofungua sanduku la chaki tulikuta karatasi nyingi zimeandikwa jina lake kwa mkono. Mkuu wa shule alitaka tumtangaze aliyefuata. Baadhi yetu tulikataa kutia saini fomu ya matokeo, na shule ikakaa bila kaka mkuu hadi muhula uliofuata. Kilichoniuma ni kwamba wiki ileile nilikuwa nafundisha mada ya uchaguzi huru na wa haki, na hakuna mwanafunzi hata mmoja aliyenyoosha mkono kuuliza swali.

Mkulima wa Igurusi:
Hata kwetu Mbarali hali ni hiyo hiyo, na maharage ni hayo hayo.

Mstaafu wa Makambako:
Nawasalimu nyote. Mimi nilianza kazi wakati somo likiitwa Siasa, na mtoto aliyeweza kulieleza Azimio la Arusha la mwaka 1967 bila kukwama alihesabiwa kuwa ameelimika. Mwaka 1991 Tume ya Jaji Francis Nyalali ilizunguka nchi nzima kukusanya maoni, na kila mtu anajua kwamba wengi, takriban watu wanane katika kila kumi, walisema wanataka chama kimoja kiendelee. Hata hivyo tume ilipendekeza vyama vingi, na mwaka 1992 sheria ikabadilishwa. Sasa fikirini hali ya mwalimu wa Siasa. Kijana mmoja alisimama darasani, tena kwa adabu zote, akasema: «Shikamoo Mwalimu. Mwaka jana ulitufundisha kwamba vyama vingi vitatuletea vita, na mwaka huu unatufundisha kwamba ni haki yetu. Kwenye mtihani tuandike lipi?» Darasa lote lilinyamaza likinisubiri mimi. Nilimwambia aandike la mwaka huu, lakini nyumbani aendelee kufikiria yote mawili. Tangu siku hiyo sijawahi kupata swali la uraia lililozidi lile, na vitabu vipya havikutufikia kwa muda mrefu, kwa hiyo tulifundisha kutokana na magazeti na redio.

Kijana wa Mwanjelwa:
Mzee wangu, shikamoo. Kizazi chetu tatizo lilikuwa jingine. Sekondari tulifundishwa haki za raia kwa Kiingereza, kisha tukarudi mtaani ambako mwenyekiti wa mtaa, balozi na baba mwenye nyumba wote wanazungumza Kiswahili. Kwenye mtihani nilipata alama nzuri, lakini siku nilipotaka barua ya utambulisho nilisimama mlangoni kwa mtendaji kama mgeni. Angalau somo jipya la Historia ya Tanzania na Maadili linafundishwa kwa Kiswahili.

Mwalimu wa Gangilonga:
Tusilalamikie lugha peke yake. Tunafundisha pia kana kwamba huku kwetu hakujawahi kutokea jambo lolote. Wanafunzi wangu wa Iringa mjini hupita kila siku mbele ya chuo cha ualimu kinachoitwa Kleruu bila kujua kwamba Dakta Wilbert Klerruu alikuwa mkuu wa mkoa huu, na kwamba aliuawa na mkulima huko Isimani tarehe 25 Desemba 1971, katika mvutano uliotokana na utekelezaji wa ujamaa vijijini. Nililipeleka suala hilo darasani na kuwapa swali moja tu: kabla mambo hayajafika huko, mkulima alikuwa na mlango gani wa kupeleka malalamiko yake, na kiongozi alikuwa na njia gani ya kusikiliza? Walibishana hadi kengele ikagonga. Kwangu mimi hapo ndipo Ibara ya 146 ya Katiba, ile inayosema serikali za mitaa zipo kwa ajili ya kupeleka madaraka kwa wananchi, ilipoeleweka bila kukaririwa.

Mama wa Ipogolo:
Kwa heshima zote, Mwalimu, watoto wa miaka kumi na mitano hawahitaji habari za damu. Familia za pande zote mbili bado zipo, na mtoto hajui kupima maneno anapoyabeba kwenda nayo nyumbani.

Mwalimu wa Gangilonga:
Mama yangu, habari hizo wanazisikia vilabuni kwa namna mbaya zaidi, zikiwa zimegeuzwa hadithi ya shujaa na mwovu. Sikumtukuza aliyeua, ambaye mahakama ilimtia hatiani na akanyongwa, wala sikumkashifu aliyekufa.

Mama wa Ipogolo:
Bado nasema kuna mambo ya kusubiri.

Dada wa Kilolo:
Nilikuwa nasoma tu bila kuchangia, lakini habari ya mlango wa kupeleka malalamiko imenirudisha mbali. Nilikuwa kidato cha tatu katika shule ya kata ambayo sitaitaja. Mwalimu wetu wa Uraia alitutuma tuende kwenye ubao wa matangazo wa ofisi ya kijiji tukanakili taarifa ya mapato na matumizi, kwa kuwa alitufundisha kwamba mwananchi ana haki ya kuiona. Tulikuta tangazo la chanjo na jingine la mbuzi aliyepotea, taarifa haikuwepo. Mwalimu hakukata tamaa. Alimwomba mwenyekiti ruhusa ili tuhudhurie mkutano mkuu wa kijiji kama watazamaji, na ruhusa ikatolewa mbele yetu.

Mkutano ulifanyika uwanjani, wanaume wamekaa kwenye magogo, kina mama kwenye nyasi wakiwa wamejifunika vitenge kwa sababu ya baridi, na sisi tumesimama nyuma na sare zetu. Ajenda kubwa ilikuwa mchango wa kumalizia boma la zahanati. Kila kaya ilitakiwa kutoa fedha, na mjane mmoja aliyeuliza kama anaweza kulipa kwa mahindi alijibiwa kwamba halmashauri ya kijiji imekwishapitisha. Ilipofika mengineyo mwenyekiti akauliza kama kuna mwenye neno. Mkono wangu ulinyooka. Huenda mwenyekiti alidhani ninataka kushukuru kwa niaba ya shule, maana aliniruhusu huku akitabasamu. Nikasema kwamba tumefundishwa kuwa mkutano huu hufanyika kila baada ya miezi mitatu na kwamba hapo wananchi husomewa mapato na matumizi; nikaomba kujua yalisomwa lini mara ya mwisho, na ushuru wa mbao zinazotoka kijijini kwetu umefanya kazi gani kabla kaya hazijaombwa mchango mwingine.

Palikuwa kimya, kisha kina mama wakapiga makofi. Mtendaji akasimama na kuuliza kwa sauti, «Huyu ni mtoto wa nani?» Na hapo ndipo penye uzito wote wa jambo hili, kwa sababu baba yangu mzazi alikuwa ameketi meza ya mbele. Alikuwa mjumbe wa halmashauri ya kijiji na wa kamati ya fedha. Alisimama polepole, akavua kofia, akasema, «Ni wangu,» kisha akakaa. Mwenyekiti akafunga mkutano bila kunijibu.

Baba hakunipiga. Tulikula ugali usiku ule bila mtu kusema neno, na alipoinuka kwenda kulala aliniambia jambo moja tu: «Ungeniuliza nyumbani.» Nimelifikiria neno hilo kwa miaka mingi, na jibu langu halijabadilika: ningemuuliza nyumbani, swali lingebaki nyumbani. Mwalimu aliitwa kwenye kata akatakiwa kuandika maelezo kwa nini anawachochea wanafunzi, na kabla ya muhula kwisha alihamishiwa shule nyingine. Hakuna aliyewahi kutuambia kama mambo hayo mawili yalihusiana. Mkutano uliofuata taarifa ilisomwa, haraka haraka kama tangazo la mazishi, na mjane yule akaruhusiwa kulipa kwa mahindi.

Mkulima wa Igurusi:
Dada, na fedha za mbao zilionekana?

Ndaga wa Tukuyu:
Ndaga fijo kwa kutusimulia, dada yangu. Nimeisoma mara mbili. Baba yako alijua taarifa haijasomwa, au naye alikuwa anafichwa?

Dada wa Kilolo:
Baba ameshatangulia mbele ya haki na hakuwahi kuniambia. Ushuru ulisomwa kwa jumla, bila mchanganuo.

Mzee wa Vwawa:
Poleni kwa yaliyowapata, lakini tuseme ukweli wa kisheria. Mkutano mkuu wa kijiji ni wa wakazi wenye umri wa miaka 18 na kuendelea. Mwanafunzi wa kidato cha tatu hakuwa mjumbe, kwa hiyo mwenyekiti hakupaswa kumpa nafasi ya kuzungumza, na mwalimu alipaswa kulieleza hilo kabla ya kuwapeleka.

Mwalimu wa Gangilonga:
Mzee wangu, Sheria ya Mtoto ya mwaka 2009 inampa mtoto haki ya kutoa maoni. Tena aliyeongoza kikao ndiye aliyempa ruhusa. Tunawezaje kumwambia mtoto kwamba swali lake ni sahihi ila kinywa chake hakifai?

Mzee wa Vwawa:
Kutoa maoni na kuwa mjumbe wa kikao ni vitu viwili. Ukiwafundisha watoto haki bila kuwafundisha utaratibu wa kikao, unawatuma mtoni kabla hawajajua kuogelea. Angempa swali mzazi yeyote alisome.

Kijana wa Mwanjelwa:
Mzazi yupi, Mzee? Yule wa meza ya mbele?

Mama wa Ipogolo:
Kijana, msibani kwa mtu hatufanyi utani. Ila na mimi nakiri kwamba kina mama wale waliopiga makofi walikuwa na umri wa kutosha kuuliza, na hawakuuliza.

Mwalimu wa Mafinga:
Ndugu zangu, tumuache baba wa watu apumzike, turudi kwenye mada. Nimepanga kuwapeleka wanafunzi wangu kwenye mkutano wa kijiji kipindi kijacho, na baada ya habari hii nina wasiwasi. Mnanishauri nini?

Mstaafu wa Makambako:
Nenda kwanza mwenyewe kwa mwenyekiti na mtendaji, uwape maswali ya wanafunzi kwa maandishi, ili siku ya mkutano wawe na majibu. Kiongozi akishtukizwa mbele ya watu hujitetea hata pale asipokuwa na kosa.

Ndaga wa Tukuyu:
Mzee, ukiwapa maswali mapema mkutano utaahirishwa kwa sababu ya mvua, hata kama ni Agosti. Anzeni ndani ya shule: wanafunzi wachague kiranja wa chakula kwa kura ya siri, na kila mwisho wa mwezi asomewe na mwalimu wa stoo magunia yaliyoingia na yaliyotumika, kisha yeye awasomee wenzake. Hapo wanajifunza taarifa ni kitu gani kabla ya kuidai kwa wakubwa.

Mkulima wa Igurusi:
Kura ya siri ya nini kwa watoto? Wajipange foleni nyuma ya mgombea, mnahesabu vichwa, mnamaliza.

Mwalimu wa Gangilonga:
Foleni hapana. Kwenye foleni mtoto atasimama nyuma ya kiranja anayemwogopa.

Mzee wa Vwawa:
Na masharti ya wagombea yabandikwe ukutani kabla ya majina kuchukuliwa, yasije yakatokea ya Tukuyu.

Dada wa Kilolo:
Mwalimu wa Mafinga, ukiwapeleka, hakikisha hakuna mwanafunzi anayesimama kuuliza peke yake. Swali liandikwe na darasa, lisomwe na wawili au watatu kwa kupokezana, nawe usimame karibu nao. Na wazazi wao waambiwe kabla, hasa wale walio kwenye halmashauri.

Mwalimu wa Mafinga:
Nimepokea. Nitaanza na kiranja wa chakula, kisha ubao wa matangazo. Swali la mwisho kwa Ndaga: kura zikilingana mlifanyaje?

Ndaga wa Tukuyu:
Tulirudia kwa wawili walioongoza tu. Walimu wengine walitaka tutupe shilingi.

Mkulima wa Igurusi:
Shilingi ni haraka zaidi.