Mnaouza hotdogi mojamoja bila lebo na friza mnazima usiku: sosi imewaumbua

Wadau, leo sina salamu ndefu. Nataka kuongea na wenye maduka wa mitaa yetu ya Eastlands hapa Nairobi, kuanzia Umoja hadi Kayole mpaka Donholm, mnaopasua pakiti ya hotdogi kwa kisu, mkazimwaga kwenye beseni la plastiki ndani ya friza moja na maziwa na aiskrimu za watoto, kisha mkatuuzia mojamoja kwa mkono uleule mliotoka kuhesabia noti. Mmezidi.

Kwangu hotdogi hazikaangwi, hupikwa kwenye sosi. Vitunguu vingi vilivyokatwa vyembamba, vikaangwe taratibu mpaka vilainike bila kuungua. Kitunguu saumu, nyanya zilizokunwa, nyanya ya kopo kijiko kimoja, pilipili ya unga kidogo, chumvi baadaye kabisa kwa sababu hotdogi yenyewe ina chumvi ya kutosha. Maji kikombe, kisha moto mdogo mpaka uone mafuta yamepanda juu na nyanya haina tena ule ukali wa ubichi. Hapo ndipo hotdogi zinaingia, mwisho kabisa, dakika nane au kumi, sosi ikitokota polepole. Zikitoka hapo zinaenda na mkate, chapati, hata wali. Hakuna ufundi wa kutisha.

Sasa Jumamosi nina wageni, ndugu zangu wametoka Machakos na watoto. Sosi imekubali, nyumba yote inanukia. Natumbukiza hotdogi, napunguza moto wa meko mpaka mwisho. Baada ya dakika chache naona povu jeupe linazunguka ukingo wa sufuria. Nikadhani ni kawaida, nikaliondoa kwa kijiko. Likarudi. Nikatazama vizuri: ngozi imejikunja kuelekea katikati, na kwenye zile ncha mbili kinachungulia kitu cha waridi, laini, kinachovutika. Nikapasua moja kwa mwiko. Ndani ni mbichi! Rojo tupu, halijashikana. Na ile sosi yangu nyekundu, niliyoisimamia kwa subira, imeanza kuwa nzito na kupauka kama uji wa mtoto, kwa sababu unga uliojazwa humo ndani ulikuwa unatoka na kuiva kwenye mchuzi. Halafu ikaja harufu ya uchachu. Nikazima jiko, nikamwaga sufuria nzima. Nyanya zenyewe siku hizi unazinunua kwa kuhesabu.

Na niliuliza! Niliuliza kabla sijatoa pesa. Nikamwambia kijana wa duka, "Hizi hazina tarehe, zimeingia lini?" Akanijibu bila hata kuniangalia, "Mama, hizo ni freshi, zimeingia jana. Zimeshaiva hizo, hata ukitaka unakula hivyo hivyo." Kula hivyo hivyo! Yule mtoto wa dada yangu ana miaka mitatu. Ningemkabidhi moja akiwa analia njaa, leo tungekuwa tunaongea mambo mengine.

Niliporudi kulalamika, nikamkuta mwenye duka mwenyewe. Jibu lake: "Labda mama ulichemsha sana, hotdogi haitaki moto." Hapo ndipo nilipoamua kufungua huu uzi, maana kuuziwa takataka ni jambo moja, na kufundishwa kupika na aliyekuuzia takataka ni jambo lingine.

Tuelewane. Hotdogi ya kweli inapikwa kiwandani. Nyama inasagwa mpaka inakuwa laini kabisa, inajazwa kwenye ngozi, inapitishwa kwenye moshi au mvuke mpaka inaiva, inapozwa, ndiyo inafungwa. Wewe nyumbani unaipasha moto tu na kuipa ladha ya sosi. Ndiyo, ukiichemsha kwa fujo itapasuka, kwa sababu maji na mafuta ya ndani yanapanuka na ngozi haihimili. Lakini hotdogi iliyopasuka bado ni nyama iliyoshikana, unaona mpasuko tu. Haigeuki ubichi! Hakuna moto duniani unaobadilisha kilichoiva kikawa kibichi. Nilichouziwa ni soseji mbichi, zile za kukaanga asubuhi, na za hali ya chini, zilizochanganywa kwenye beseni moja na smoki (zile soseji za kufukizwa moshi) na hotdogi, na bei ikawa ya hotdogi. Shilingi 50 moja.

Kule Marekani wauzaji wa mikokoteni wa New York huziacha hotdogi ndani ya maji ya moto kwa muda mrefu wakisubiri wateja, kisha wanazimwagia sosi nyekundu ya vitunguu. Detroit wao wanaweka sosi ya nyama ya kusaga iliyotokota mpaka ikalegea. Sasa kama kukaa kwenye maji ya moto kungekuwa kunaziua hotdogi, watu hao wangekuwa wamefunga kazi zamani.

Kwa nini wenye maduka hawajagunduliwa? Kwa sababu wengi wetu tunakaanga. Mafuta ya moto yanawafichia siri. Ngozi inakauka, inapata rangi ya kahawia, ule unga wa ndani unagandamana, ukipaka tomato na pilipili juu hakuna anayejua alichokula. Sosi haina urafiki huo. Kila kinachotoka kwenye hotdogi kinabaki sufuriani mbele ya macho yako. Kwa hiyo anayetaka kujua duka lake linauza nini, achukue moja tu, aiweke kwenye maji yanayofukuta kwa moto mdogo dakika tano, atazame maji. Mafuta kidogo juu na rangi kidogo ya moshi ni sawa. Maji yakigeuka maziwa, jibu umepata.

Na hilo la friza. Msidhani hatuoni. Mkifunga saa nne usiku mnazima swichi kubwa ili tokeni za umeme zisogee. Asubuhi kuna dimbwi la maji chini ya friza, na aiskrimu zimeganda upya zikiwa zimepinda, kijiti kimelala upande. Mtoto wa darasa la pili anaona kwamba kitu hicho kiliyeyuka. Sasa kama aiskrimu iliyeyuka, hotdogi iliyokuwa kando yake ilikuwa wapi, likizo? Inalala kwenye joto, asubuhi inagandishwa, usiku inayeyuka tena. Pakiti iliyofunguliwa inatakiwa iishe ndani ya wiki 1 kwenye friji inayofanya kazi usiku na mchana. Ninyi mnaihesabia wiki hiyo kuanzia lini, na hata pakiti mlishaitupa?

Kuna watakaosema Mwafrika hafi kwa vitu vidogo. Afrika Kusini, mlipuko wa ugonjwa wa bakteria aitwaye listeria ulioanza 2017 uliwafanya watu zaidi ya 1,000 kuugua, na zaidi ya 200 wakafa, wakiwemo watoto wachanga wengi. Mwezi Machi 2018 serikali yao ikatangaza kwamba chanzo ni poloni kutoka kiwandani, ile soseji nene ya kukatwa vipande, yaani nyama iliyokwisha iva, ya kula hivyo hivyo, kama kijana wetu anavyoshauri. Bakteria huyo hajali baridi ya friji, anaendelea kuongezeka humo humo polepole. Kinachomuua ni moto wa kweli, nyuzi 74 za Selsiasi katikati ya nyama, mpaka uone mvuke unatoka ukiikata. Ndiyo maana wajawazito wanaambiwa wasile hotdogi ambayo haijapashwa moto ikafuka. Kwa hiyo "kula hivyo hivyo" si ushauri wa kumpa mteja kaunta.

NYONGEZA: Naona mtu hapo chini ameandika "moto unaua kila kitu, acha drama". Ndugu yangu, moto unaua bakteria, lakini wako wanaoacha sumu, na sumu hiyo haijali moto. Staphylococcus, anayekaa kwenye pua na mikono ya watu, akipata nyama iliyolala kwenye joto anatoa sumu ambayo hata ukiichemsha inabaki. Ukumbuke ule mkono wa noti.

Mwingine anasema nadharau watu wa kadogo. Mimi mwenyewe ni mtu wa kadogo! Nanunua mafuta ya kupimiwa, sukari robo, na hotdogi nne nne kwa sababu pakiti nzima inanishinda mwisho wa mwezi. Sipingi kuuziwa moja. Napinga kuuziwa moja isiyo na baba wala mama. Ni kazi gani kuuacha mfuko wa kiwandani, ukatoa moja kwa koleo, ukabana mdomo wa mfuko, ukaurudisha? Mteja akiuliza tarehe, unamwonyesha mfuko. Kibano cha nguo soko la Gikomba ni shilingi ngapi?

Maana mfuko ukishatupwa, mteja hana pa kushika. Kifungu cha 46 cha Katiba ya Kenya ya 2010 kinampa mtumiaji haki ya bidhaa zenye ubora unaofaa na haki ya habari anazohitaji ili afaidike nazo. Habari zenyewe ziko kwenye mfuko: tarehe, viungo, na ile alama ya ubora ya KEBS, shirika la viwango la Kenya, yenye namba ya kibali chini yake. Ukiwa na namba hiyo unatuma ujumbe wa simu, SM# ikifuatiwa na namba, kwenda 20023, unajibiwa kama kibali ni cha kweli. Kwenye beseni la plastiki nitatuma namba gani, ya simu ya mwenye duka?

Na wale wanaopita kukagua, sitaji wa ofisi gani, mimi nimewaona wakisimama mlangoni, wakaangalia karatasi zilizobandikwa ukutani, wakaondoka. Karatasi haziozi. Fungueni friza! Tena mje saa tano usiku, si saa tano asubuhi.

Mama Brayo, umeuliza kuhusu siki: nusu kijiko tu, na iingie pamoja na nyanya, si mwishoni, la sivyo itakuwa kali. Na usizitoboe hotdogi kwa uma, utamu wote utatokea hapo. Kata mikwaruzo midogo ya mshazari ukitaka sosi iingie.

Jina la duka msiniulize hata kwa ujumbe wa siri, sitaji. Ninachotaka ni hiki: anayejua duka au bucha pande za Umoja Innercore au Tena, panapouzwa hotdogi zenye lebo na friza inanguruma usiku kucha, aandike hapa. Wageni bado wapo mpaka Alhamisi, na watoto wameshaanza kuniuliza ile sosi ilienda wapi.