Mkrismasi una majani tele, maua hakuna (Malindi)

Ua_la_Malindi: Salaam wadau. Mkrismasi wangu (flamboyant, ule mti wa maua mekundu) niliuotesha kwa mbegu, sasa una miaka 6. Uko mita 2.5 kutoka ukuta wa mawe, katikati ya ukoka unaomwagiwa maji kila jioni na kutiwa mbolea ya CAN. Majani yamefunga lakini haujawahi kuchanua. Shida ni nini? Na mizizi ikifika ukutani niikate? Ukuta uko upande wa kusi.

Shamba_Gede: Umri bado. Wa mbegu huanza kuchanua kati ya miaka 5 na 10. Ila huo ukoka unazidi kuuchelewesha. CAN ni naitrojeni, nayo huusukuma mti utoe majani na matawi. Asili yake ni Madagaska, kwenye misitu inayokaa miezi mingi bila mvua. Wako haujaonja kiu hata siku moja. Acha CAN kabisa. Kaskazi ikikolea, tangu Januari mpaka masika, usiumwagilie. Majani yakipukutika usiukimbilie na mpira, ndivyo ulivyo. Na tangu Agosti usiguse matawi, maana maua hutokea nchani: ukikata ncha umekata maua ya mwaka mzima.

Fundi_Miti: Mizizi usikate, tafadhali sana. Hutambaa juujuu, na ile ya upande wa kusi ndiyo inayoushikilia mti upepo wa kusi unapovuma. Ukiikata, mti utaanguka kuelekea kaskazini, na kama nyumba iko huko ni hatari. Kwa mita 2.5 ukuta utapasuka tu, ni suala la muda. Nafasi inayofaa ni mita 8 hadi 10, mbali pia na karo na mabomba. Kwa maoni yangu panda mwingine sasa, huu uje kutolewa baadaye. Kuuhamisha ukiwa na umri huo ni kuuua.

Kwa sasa punguza uzito wa matawi mazito, kabla majani mapya hayajatoka. Mti huu ni laini, huvunjika na kuoza upesi. Kata kwanza kwa chini, sentimita 30 kutoka shinani, theluthi ya unene; kisha kwa juu, mbele kidogo ya hapo, mpaka tawi lidondoke. Kisiki kilichobaki kiondoe nje ya ule uvimbe wa shingo ya tawi, pale linapoungana na shina. Ukianza kwa juu, tawi huanguka na gome la shina.

Ua_la_Malindi: Ahsanteni. Mbegu ninazo, lakini hazioti hata nikiloweka.

Shamba_Gede: Ganda lake halipitishi maji. Sugua kwa msasa au kwa tupa, upande mmoja tu, mkabala na kile kijicho (alama ya pale mbegu iliposhikana na ganda la tunda), mpaka weupe wa ndani uonekane. Hapo loweka saa 24: iliyovimba panda, ambayo haijavimba sugua tena. Fukia sentimita 2 kwenye kiriba (mfuko wa miche) kirefu. Huchipua kati ya siku 5 na 10. Hamishia shimoni masika yakianza, kabla mzizi haujajikunja chini ya kiriba. Mwaka wa kwanza huo mdogo mpe maji, hata kiangazi.