Je, Mwajiri Akushushe Cheo Bila Ridhaa Yako?

Mleta Hoja: Ndugu zangu, mwajiri anapomshusha cheo mfanyakazi au kumhamishia kituo kingine, je, sheria imlazimishe kupata kwanza ridhaa ya mhusika, au barua yake pekee itoshe? Mimi naona mambo haya mawili hayafanani. Uhamisho mara nyingi umetajwa katika mkataba, lakini sijapata kuona mkataba unaosema kwamba aliyeajiriwa kuwa mhasibu mkuu anaweza kuamka kesho akiwa karani wa stoo.

Afisa Utumishi: Nimeshughulikia malalamiko haya kwa miaka mingi, na mengi ni ya heshima iliyojeruhiwa tu. Mshahara haukupungua, saa za kazi ni zilezile; kinacholiliwa ni kibao cha mlangoni. Tukisubiri ridhaa ya kila mtu, vituo vya mbali havitapata watumishi kamwe. Kuna hata shauri la Japani ambamo mtu alikataa uhamisho, akafukuzwa, na mahakama ikasema sawa.

Karani Mstaafu: Kibao cha mlangoni, Bi. Afisa? Mimi nilikuwa mkuu wa kitengo, nikapewa meza ya kupanga majalada chini ya kijana niliyemfundisha kazi mwenyewe. Senti haikuguswa, hilo ni kweli. Hapakuwa na kikao cha nidhamu wala sikutakiwa kujieleza. Wenzangu waliacha kuniuliza lolote, kwa maana kila mtu aliamini kwamba nimeiba, na barua haikutoa sababu ambayo ningeweza kuikanusha.

Wakili wa Jioni: Mzee wangu, pole. Hoja ya kibao iliwahi kufika Mahakama ya Juu ya Marekani, mwaka 2006. Mwanamke aliyekuwa akiendesha foklifti, gari la kunyanyulia mizigo, katika kampuni ya reli alilalamika juu ya msimamizi wake, kisha akahamishiwa kazi za sulubu relini. Kampuni ilijitetea kwamba kazi zote mbili zimo katika majukumu yake na daraja la mshahara ni lilelile. Mahakama haikuukubali utetezi huo, kwa kuwa kazi mpya ilikuwa ngumu zaidi, chafu zaidi, na yenye hadhi ndogo.

Afisa Utumishi: Hilo lilikuwa shauri la kulipiziwa kisasi, wakili, usilivishe kanzu isiyo yake. Na la Japani umelikwepa.

Wakili wa Jioni: Silikwepi. Ni la mwaka 1986: muuzaji aliyekataa kutoka Kobe kwenda Nagoya, ingawa alikuwa na mama mzee na familia, na kweli alishindwa. Lakini mahakama ileile iliweka mipaka: uhamisho haufai ikiwa kazi yenyewe haiuhitaji, ikiwa una nia mbaya, au ikiwa unamwumiza mfanyakazi kupita kiasi cha kawaida. Tena ulikuwa uhamisho, si kushushwa cheo.

Afisa Utumishi: Nakubali. Basi mzee atueleze: kama alidhalilishwa kiasi hicho, mbona aliendelea kuripoti kazini?

Karani Mstaafu: Kwa sababu nilikuwa na watu wanaonitegemea, mama. Miezi kumi na minne nilikaa pale. Swali hilo huulizwa na mtu ambaye hajapata kuisoma barua yake mwenyewe.

Mleta Hoja: Tusishambuliane. Hata hivyo, kukaa huko kuna athari gani kisheria?

Wakili wa Jioni: Athari kubwa. Tangu uamuzi wa Mahakama ya Rufani ya Uingereza wa mwaka 1977, anayedai kwamba mwajiri ameuvunja mkataba na hivyo kumlazimisha kuacha kazi hutakiwa kuondoka bila kukawia. Akikaa mno, huhesabiwa ameyaridhia mabadiliko. Kanuni hiyo, kwa maoni yangu, humfaa mwenye akiba benki na humnyonga asiye nayo. Napendelea njia ya Afrika Kusini, ambako sheria ya mwaka 1995 inamruhusu mtu kulalamikia kushushwa cheo kwenyewe, akiwa bado kazini, ndani ya siku 90. Aliyefukuzwa ana siku 30.

Afisa Utumishi: Basi angalau tukubaliane kwamba aliyetia saini barua ameridhia. Ndiyo maana sisi huwataka watie.

Karani Mstaafu: Nilitia saini, ndiyo. Chini ya barua palichapwa «Nimepokea na kukubali», na mstari ulikuwa mmoja tu.

Afisa Utumishi: Ungeweza kukataa kutia.

Karani Mstaafu: Mbele ya meneja, na walinzi wawili mlangoni?

Wakili wa Jioni: Mwenye kuletewa karatasi ya namna hiyo akate maneno «na kukubali», aandike kwa mkono kwamba amepokea tu na anapinga, aweke tarehe, abaki na nakala. Kisha apeleke pingamizi la maandishi wiki hiyohiyo, hata kama anaendelea na kazi.

Afisa Utumishi: Na sisi tutachapa barua nyingine.

Karani Mstaafu: Safari hii wekeni mistari miwili.