Thelma Schoonmaker alikuwa wapi kati ya 1970 na 1980?

mkasi_butu:
Wakuu habari zenu. Nimekuwa nikifuatilia maedita wakongwe wa sinema na huyu mama ananichanganya. Woodstock ya 1970, ile dokumentari ya tamasha la muziki, ikamfikisha kwenye uteuzi wa Oscar, halafu kimyaaa, unakuja kumwona tena 1980 kwenye Raging Bull, ile filamu ya bondia, na hapo anabeba tuzo kabisa. Katikati hapo mwongozaji wake Scorsese katoa Mean Streets na Taxi Driver, jina la mama halipo. Waligombana au? Maana baada ya hapo filamu za hadithi za mzee zote kaziediti yeye, mpaka Killers of the Flower Moon ya 2023 akiwa na miaka 83!! Anayejua anijuze.

shoti_tatu:
Hawakugombana mkuu, ni mambo ya chama cha wafanyakazi. Kuediti filamu ya studio kubwa Hollywood ilibidi uwe na kadi ya chama, na ili upewe kadi walitaka uanze uanagenzi miaka kadhaa, ukimaliza hapo uwe msaidizi miaka mingine tena, sasa mtu kashateuliwa Oscar unamwambia akabebe makopo ya filamu?? Akagoma, akabaki nje ya mfumo huo. Raging Bull ilipofika ndo mambo ya kadi yakapatiwa njia, na si unaona mwenyewe, kaingia kaondoka na Oscar.

bi_klipu:
Na hata kuediti kwenyewe aliingia kwa bahati tu jamani. Kazaliwa Algiers, kakulia Aruba, chuoni Cornell kasoma siasa na Kirusi, anataka ubalozi. Kwenye usaili wa serikali ya Marekani akasema wazi kwamba apartheid ya Afrika Kusini haikubali, wakamwambia kazi ya diplomasia haitamfaa 😅 Ndo akaona tangazo gazetini la msaidizi wa edita. Kazi yenyewe ilikuwa kukatakata filamu za Ulaya zienee kwenye muda wa TV za usiku, kazi za waongozaji wakubwa kina Fellini na Truffaut zinapigwa mkasi hovyo. Baadaye kozi ya kiangazi chuo kikuu cha New York, Scorsese anasoma palepale, filamu yake fupi imekatwa vibaya negativu (mkanda wa asili uliopigwa na kamera), mwalimu akamwita Thelma akasaidie. Kuanzia hapo basi.

Mzee_wa_reli:
Mimi nitapinga kidogo. Mwenyewe alishasema ile Oscar ya Raging Bull ni ya Scorsese pia, maana mapambano ya ulingoni yalishapangwa shoti kwa shoti kabla ya kupiga. Sasa sifa za nini?

shoti_tatu:
Mzee heshima yako, ila ngumi ndo sehemu rahisi pale. Kaangalie sini za nyumbani, waigizaji De Niro na Pesci wanabishana mbele ya TV, wale wanajitungia maneno papohapo, hii teki (kila mara sini inaporudiwa kupigwa) anasema hivi ile nyingine anasema vingine, majibu hayaungani na swali, na wewe edita uyashone yaonekane mazungumzo ya ndugu wawili wa kweli. Hiyo ni akili ya dokumentari na aliipata kwenye Woodstock, malundo ya filamu hayana skripti. Kwangu mimi anastahili Oscar zote tatu, hiyo na The Aviator na The Departed.

mkasi_butu:
Asanteni sana wakuu, kumbe chama! Swali la mwisho, anatumia programu gani? Nataka nianze na hiyohiyo.

bi_klipu:
Lightworks, The Departed imekatiwa humo. Ila usihangaike na programu mdogo wangu, edita mwingine mkongwe, Walter Murch, kabeba Oscar ya The English Patient kwa programu ya Avid, halafu Cold Mountain kaifanya kwa Final Cut Pro wakati maproo wengi wanaiona ya wanafunzi. Na huwa anaediti kasimama! Chukua yoyote uliyonayo, tafuta ndugu zako wawili wabishane bila skripti, warekodi na kamera mbili, kisha kaa uikate mpaka ieleweke.

Mzee_wa_reli:
Nimeirudia ile sini ya TV. Haya shoti_tatu, nimekuelewa, lakini ngumi bado ni za Scorsese.