Mwasumini wangu majani manjano na maua hakuna, shida ni udongo?

bi_kikuba
Jamani salaam, niko Mombasa Mji wa Kale, mwaka jana nilipanda mwasumini uani ubavuni mwa ukuta tuliokuwa tumepiga plasta upya, mwanzo ulienda vizuri sana ila sasa yale majani machanga ya juu yanageuka manjano mishipa inabaki kijani, na maua ndo basi tena, vitumba viwili tu tangu Ramadhani. Mbolea natia, Urea mara tatu, maji ya kisima kila jioni. Harusi ya mdogo wangu yaja na nataka asumini zangu mwenyewe za kutunga vikuba (vile vishada vya maua vya kujipamba), kununua nimechoka.

mkulima_wa_uani
Urea acha kabisa dadangu, hiyo yakuza majani tu maua yasahau. Na maji kila siku ya nini? Tia kidole, pakikauka juu ndo umwagilie.

fundi_bustani
Urea ni kweli lakini hiyo manjano yenye mishipa kijani ni chuma, mmea haupati chuma. Fukua hapo shinani uone kama hakuna vipande vya plasta, mafundi wetu huzika kila kitu. Sementi, chokaa, na hata haya mawe yetu ya matumbawe, yote huufanya udongo kuwa alkali (kinyume cha uchachu), chuma kimo ila mizizi haiwezi kukivuta. Asumini hupenda pH (kipimo cha uchachu wa udongo) ya 6 mpaka 7 hivi.

kijana_likoni
Si azike misumari yenye kutu tu, nyanya yangu alifanya hivyo

fundi_bustani
Haisaidii bro, kwenye udongo wa chokaa hiyo kutu haiyeyuki. Bora auhamishie kwenye ndoo, udongo mwekundu wa shamba, samadi iliyooza sawasawa, na mchanga wa mtoni, SI wa baharini una chumvi.

mama_asumini
Na jua, masaa sita kwa uchache. Halafu pogoa, maua hutoka kwenye vichipukizi vipya, mie hukata bila huruma. Ukitaka kuyachuma, chuma alasiri vikiwa vitumba bado, funga kwenye kitambaa kibichi, magharibi vinafunguka vyenyewe mkononi unatunga.

bi_kikuba
Wallahi nimefukua, kipande cha plasta kikubwa kama sahani! Shukran. Ndoo ya rangi ya lita 20 yatosha?

fundi_bustani
Kwa kuanzia yatosha, ioshe vizuri na utoboe chini matundu matano sita. Ila harusi ni lini?

bi_kikuba
Wiki tatu 😅

mama_asumini
Basi hizo za harusi nunua tu mwanangu.