Tupeane uzoefu: kupiga filamu ya watu waliotengwa mtaani

Wakuu, nimeanza filamu ya makala kwenye mtaa ambao wenye magari huupita wamepandisha vioo. Waokota chupa, wanaolala nje, akina dada wanaojiuza. Mzee mmoja kaitazama kamera, kaniuliza: "Yule wa kabla yako aliahidi kutuletea filamu tuione. Umetumwa nayo?" Waliopita huko mwageni uzoefu: kuaminika, malipo, sura za watu.

Fundi sauti: Kamera iache kwanza, kaa nao mpaka wakuzoee. Maiki ya kubana kwenye kola mtu huisahau haraka. Utasikia ugomvi wa ndoa, madeni, mpaka nani anamuuzia unga. Mapumziko yakianza mimi nazima, na namwonyesha kwamba nimezima. Halafu usishangae watu kujipamba. Mama mmoja wa chupa, mkokoteni wake ulikuwa unalia njia nzima, mlio mtamu kweli kwa filamu. Siku ya kupiga kaja kaupaka grisi, "leo natokea kwenye picha." Muongozaji alinuna. Mimi nilimwelewa mama.

Mkazi: Niseme kama niliyepigwa picha. Nina kiti, nina mlango niliopaka rangi mwenyewe. Wakanihamishia kando ya mtaro, eti ndipo pana hisia. Nikaongea hadi koo likakauka. Filamu ilipotoka, msimulizi anatuita "wasio na sauti"! Mtoa mada, huyo aliyekutangulia mtafute, filamu yake uwapelekee hata kwenye flashi.

Mhariri: Dada, hayo hayakuanza leo. Mwaka 1935 huko Uingereza, filamu ya Housing Problems iliwaacha wakazi wa Stepney, London, waeleze wenyewe shida za nyumba zao, panya na wadudu. Kwa wakati ule ilikuwa hatua kubwa. Ila hela ilitoka kwa wafanyabiashara wa gesi, na nyumba mpya zilikuwa soko la gesi yao. Kwa hiyo uliza mapema mfadhili wako anatafuta nini. Mimi namkubali zaidi Marc Singer wa Dark Days (2000). Aliishi na watu waliokuwa wakilala kwenye handaki la reli New York, na hao hao ndio wakawa mafundi wake wa taa na kamera. Mtu anayeshika taa humpeleki mtaroni kirahisi.

Mtoa mada: Na malipo je?

Fundi sauti: Lipa muda uliowapotezea, siyo maneno. Ukianza kununua machozi, utaletewa machozi kila siku.

Mhariri: Na kabla hujafunga hariri, waonyeshe wao kwanza. Kijana mmoja aliomba tutoe kipande anachovuta gundi, mama yake hajui. Kilikuwa kipande bora kuliko vyote. Tulikitoa, na muongozaji hakunisemesha mpaka filamu ilipoisha.

Mtoa mada: Duh. Na kama mfadhili ameshakiona?

Mhariri: Ndiyo maana mfadhili haonyeshwi kwanza, mkuu.